Yadi Mia za Seraphino Antao: Mombasa Ilivyompata Bingwa na Kumkosa Mrithi

Jumatano moja jioni, tulipokuwa tumemaliza kupasha misuli kwenye kiwanja cha mchanga tunachofanyia mazoezi karibu na Tononoka, kijana wa miaka 14 aliniuliza swali ambalo halijanitoka mpaka leo. Alikuwa ameinama, anafunga kamba za viatu.

"Mwalimu, kwani sisi watu wa Pwani mbio tunaziweza? Si zile ndefu ni za watu wa bara, na hizi fupi ni za Wajamaika?"

Nilimjibu kwamba mtu wa kwanza kuiletea Kenya dhahabu katika Michezo ya Jumuiya ya Madola hakutoka Eldoret wala Iten. Alizaliwa hapa hapa Mombasa, dhahabu yake aliipata kwenye mbio fupi, na hakuridhika na moja, alibeba mbili katika michezo ile ile. Watoto wakatazamana. Walikuwa kumi na saba jioni hiyo, na hakuna hata mmoja aliyewahi kulisikia jina la Seraphino Antao.

Ndiyo sababu nimekaa kukichambua kisa hiki. Kumsifu bingwa ni kazi nyepesi. Kazi iko katika kueleza alipatikanaje, na ilikuwaje mji ule ule, wenye jua lile lile na watoto wenye miguu ile ile, usitoe bingwa mwingine wa mbio fupi wa kiwango chake. Nimewafunza watoto kukimbia kwa miaka kadhaa, na majibu ya haraka ninayoyasikia kuhusu jambo hili hayaniridhishi.

Antao alizaliwa Mombasa tarehe 30 Oktoba 1937, katika jamii ya Wagoa. Asili ya Wagoa ni Goa, pwani ya magharibi ya India, iliyokaa chini ya Wareno kwa zaidi ya miaka 450 mpaka India ilipoitwaa Desemba 1961. Kati ya Goa na Mombasa kuna undugu wa bahari wa siku nyingi. Wareno walipoanza kuijenga ngome ya Fort Jesus mwaka 1593, mambo yao ya pwani hii yaliamuliwa kutoka huko Goa. Lakini Wagoa wengi wa zama za Antao walifikishwa huku na reli, bandari na ofisi za serikali ya kikoloni. Walikuwa makarani, washonaji, walimu, wapiga muziki. Majina yao yalikuwa ya Kireno na dini yao Ukatoliki. Popote walipotua Afrika Mashariki walijenga vitu viwili bila kuchelewa, shule na klabu.

Hapo kwenye klabu nataka tutulie. Wagoa waliupenda mchezo kama watu wengine wanavyopenda siasa. Timu za hoki za Kenya zilizokwenda Olimpiki miaka ya 1950 na 1960 zilijaa majina yao. Mtoto wa Kigoa alikua anamwona baba yake akitoka kazini saa kumi na moja, anabadilisha nguo, anaingia uwanjani. Hakuna aliyehitaji kumshawishi kwamba mchezo ni jambo la watu wazima na la heshima. Mtoto huyo alikuwa na uwanja uliopimwa, mashindano yenye ratiba, na mtu mzima mwenye saa mkononi anayemwambia leo umeshuka, kesho rudi.

Halafu kuna kocha. Jina la Antao huwezi kulitenganisha na la Ray Batchelor, aliyemnoa akiwa hapa Mombasa. Mbio fupi zina udanganyifu wake: mtazamaji hudhani ni kasi tu, mtu kazaliwa nayo au hakuzaliwa nayo. Kumbe kutoka kwenye mstari ni ufundi, na kila hatua katika zile kumi za mwanzo ina namna yake. Mtoto akiachwa peke yake, husimama wima mara tu bunduki inapolia, kama mtu aliyeitwa jina. Inamchukua miezi kujifunza kubaki ameinama, kuisukuma ardhi nyuma, na kuinuka polepole mpaka kiwiliwili kinyooke akiwa ameshafika mbali. Na hilo hajifunzi kwa kuambiwa mara moja. Mtu lazima asimame pale kando, jioni baada ya jioni, amtazame.

Mwaka 1960 Antao alikwenda Olimpiki ya Rome. Hakurudi na nishani. Wajerumani walisherehekea Armin Hary kwenye mita 100, na wenyeji wa Italia wakamsherehekea Livio Berruti kwenye mita 200. Kwa Antao naona Rome ilikuwa shule. Kijana aliyezoea kuwa wa kwanza kila mara hajui mwili wake unafanya nini pale anaposikia pumzi za mtu mwingine begani. Jambo hilo hulijui mpaka likukute.

Julai 1962, mjini London, alishinda yadi 100 na yadi 220 katika mashindano ya chama cha riadha cha Uingereza, ambayo wakati huo yalikuwa wazi kwa wageni na yaliheshimiwa mno. Naomba tuuweke mwezi huo kando. Nitauhitaji baadaye, kwa sababu watu wengi wanaosimulia kisa hiki huruka moja kwa moja mpaka Perth.

Perth, Australia. Michezo ya Jumuiya ya Madola ilifunguliwa tarehe 22 Novemba 1962, na joto siku hiyo lilifika nyuzi 40. Ilibidi wanajeshi waingie kazini kuwabebea wanamichezo maji. Sisi watu wa Mombasa tunalijua joto, ingawa letu ni la jasho na la kule ni kavu. Kama mkufunzi naweza kusema hili bila kusita: misuli ya mkimbiaji wa mbio fupi hupenda joto. Ikiwa baridi huwa kama mpira uliokauka, ukiuvuta unakatika. Antao alikuwa amejifunza mbio zake kwenye mji ambao mwili haupoi. Sisemi joto ndilo lililompa dhahabu, maana Waaustralia nao walikuwa nyumbani kwao. Nasema hakukuwa na lolote katika hali ya hewa ile la kumtisha.

Aliyepaswa kumtisha alikuwa Harry Jerome wa Kanada. Jerome alikuwa miongoni mwa washika rekodi ya dunia ya mita 100 kwa sekunde 10.0, na ya yadi 100 kwa sekunde 9.2. Kwa hesabu za makaratasi, dhahabu ya Perth ilikuwa yake. Fainali ikaanza, na katikati ya mbio paja la Jerome likachanika vibaya, akamaliza wa mwisho. Mbele, Seraphino Antao alikata utepe kwa sekunde 9.5. Wa pili alikuwa Tom Robinson wa Bahamas, wa tatu Mike Cleary wa Australia.

Hapa ndipo pana hoja ninayotaka kuijibu, kwa sababu nimeisikia kwa makocha wenzangu, watu ninaowaheshimu. Wanasema Antao alibahatika. Wanasema Jerome angekuwa mzima, Mombasa isingekuwa na la kusimulia.

Ni kweli Jerome mzima alikuwa na wakati bora kuliko Antao, na simnyang'anyi haki yake. Jeraha la paja lile lingeweza kummaliza kabisa, lakini alirudi, akachukua shaba ya mita 100 Tokyo mwaka 1964, kisha dhahabu ya yadi 100 mjini Kingston mwaka 1966. Alikuwa mwanamume wa shoka. Lakini hoja ya bahati inasahau mambo mawili. La kwanza ni kwamba kuufikisha mwili mzima kwenye fainali ni sehemu ya mbio zenyewe. La pili, lenye uzito zaidi, ni yadi 220.

Antao alirudi uwanjani na kushinda mbio hizo pia, kwa sekunde 21.1, akimwacha David Jones wa Uingereza nafasi ya pili. Sasa mtu asiyekimbia anaweza kuona 220 ni 100 iliyorefushwa. Sivyo. Yadi 220 ni kama mita 201, na sehemu yake kubwa ni kona. Ukiwa kwenye kona kwa kasi ile, mwili unataka kutoka nje ya mstari, na mguu wa kushoto unabeba mzigo ambao wa kulia haubebi. Halafu ukimaliza kona, ndipo unapokutana na ukweli: hakuna binadamu anayeongeza kasi mita 50 za mwisho. Wote wanapungua. Anayeshinda ni yule anayepungua kidogo kuliko wenzake, na hiyo haiji kwa bahati. Inakuja kwa kazi iliyofanywa miezi mingi nyuma, pale ambapo hakuna mtazamaji.

Na sasa urudishe ule mwezi wa Julai mezani. London alishinda 100 na 220. Miezi minne baadaye, bara jingine, ameshinda 100 na 220. Mtu anayepiga jozi ile ile mara mbili kwa mwaka mmoja, sehemu mbili zilizo mbali vile, bahati hana haja nayo.

Watoto wangu waliposikia 9.5 walipiga kelele. Wanajua kwamba Mkenya mwenzetu Ferdinand Omanyala alikimbia mita 100 kwa sekunde 9.77 pale Kasarani tarehe 18 Septemba 2021, rekodi ya Afrika. "Basi Antao alikuwa mkali kuliko Omanyala!" Ikabidi niketi nao chini, nichore mchangani. Yadi 100 ni mita 91.44. Kufika mita 100 zimebaki mita 8.56, na kwa mtu wa kasi ya Antao hizo ni karibu nukta nane za sekunde. Kwa hiyo 9.5 yake ni kama 10.3 ya mita. Tena alikimbia kabla ya enzi ya tartani. Sakafu za mpira zilifika Olimpiki mara ya kwanza Mexico mwaka 1968. Hakuwa na kasi ya Omanyala, na haimpunguzii kitu.

Suala la vipimo limenikaa rohoni kwa sababu yangu mwenyewe, na niliseme hapa hapa. Nilikuwa na msichana wa miaka 16, mtoto wa mama anayeuza viazi karai. Alitimka mita 100 kwenye mashindano ya shule fulani akapata sekunde 11.6. Uwanja mzima ulisimama. Mwalimu mmoja alianza kuzungumza habari za kupelekwa Nairobi. Mimi nilikuwa na kamba yangu, ile ninayopimia, yenye fundo kila mita kumi. Watu walipotawanyika niliitandaza juu ya chokaa. Kutoka mstari wa kuanzia mpaka wa kumalizia palikuwa na mita 94.

Mwezi uliofuata alikimbia kwenye uwanja uliopimwa sawasawa akapata 12.4. Kwa msichana wa umri wake, bila viatu vya spaiki vya saizi yake, 12.4 ni mbio nzuri na ya kujivunia. Yeye alikaa chini ya mti, akajifunika uso kwa leso ya mama yake, akalia. Nilimweleza habari ya zile mita sita. Alinisikiliza kwa adabu, kisha akaniuliza, "Kwa hiyo mwalimu, ile siku walikuwa wananipigia makofi ya nini?" Hakurudi mazoezini tena baada ya wiki tatu. Sikumlaumu. Aliyechora ule mstari sidhani kama alijua alichokifanya.

Narudi kwa Antao. Oktoba 1964, Olimpiki ya Tokyo, Kenya iliingia uwanjani kwa mara ya kwanza ikiwa nchi huru, chini ya mwaka mmoja tangu tarehe 12 Desemba 1963. Bendera mpya, nyeusi, nyekundu na kijani, ilibebwa na Seraphino Antao. Nikiifikiria picha hiyo naona fahari kubwa: mtoto wa Mombasa, wa ukoo wa Goa, ndiye ambaye dunia ilimwona kwanza chini ya ngao na mikuki ile. Mbio zake za Tokyo hazikumpa nishani. Nishani ya kwanza ya Olimpiki kwa Kenya ilipatikana hapo hapo, lakini ilikuwa shaba ya mita 800, na aliyeivaa alikuwa Wilson Kiprugut.

Kuna jambo dogo ambalo huniuma kila nikilikumbuka. Wimbo wetu wa taifa, ule wa "Ee Mungu nguvu yetu", sauti yake ilitokana na wimbo wa kubembelezea mtoto wa Wapokomo, watu wa Tana, pwani yetu hii hii. Uliandaliwa kwa ajili ya uhuru. Antao alipopanda jukwaa Perth mwaka 1962, Kenya ilikuwa bado koloni na wimbo huo haukuwepo. Mtu wa Pwani wa kwanza kustahili kupigiwa wimbo wa Pwani hakupigiwa.

Baada ya Tokyo, njia ilipinda ikapanda milimani. Mwaka 1968 michezo ilifanyika Mexico City, mita 2,240 juu ya bahari, na Kenya ikarudi na dhahabu tatu za riadha: Naftali Temu kwenye mita 10,000, Kipchoge Keino kwenye 1,500, Amos Biwott kwenye mbio za kuruka viunzi na maji. Tangu hapo jina la Kenya na mbio ndefu vikawa kitu kimoja. Jeshi, polisi na magereza wakawaajiri wakimbiaji. Kijana wa Kapsabet akajua kwamba miguu yake inaweza kumpa mshahara, na mshahara huo anauona kwa jirani yake. Hilo silionei kijicho. Ni mfumo mzuri na umelisha nyumba nyingi. Ila pesa, makocha na macho ya viongozi vilifuata kule kulikokuwa na nishani, na Mombasa ikabaki na mpira wa miguu.

Wengine hueleza kukauka kwa Pwani kwa habari za mwili. Watasema nchi ya miinuko ya bara ndiyo ya mbio, au watu wa Pwani ni wa raha. Maneno haya yanawaingia watoto, na ndiyo yaliyozaa swali la yule kijana. Kimo cha nchi kinamsaidia mkimbiaji wa mbio ndefu kwa sababu mwili unaozoea hewa nyepesi hujenga damu ya kubeba oksijeni. Mkimbiaji wa mita 100 hana haja hiyo. Mbio zake zinaisha kabla pumzi haijawa swali. Tazama Jamaika. Kingston iko kando ya bahari kama sisi, ina jua kama letu, na minazi ni ile ile. Walichonacho wao ni mashindano ya shule za sekondari yaliyoanza mwaka 1910 na bado yapo, ambapo mtoto wa miaka 13 anakimbia mbele ya uwanja uliojaa na wakati wake unaandikwa sawasawa.

Na wala Kenya nzima haikuwa imekosa kasi. Timu yetu ya mita 400 kupokezana vijiti ilichukua fedha Mexico, na dhahabu Munich mwaka 1972, ikiwa na Charles Asati, Hezekiah Nyamau, Robert Ouko na Julius Sang. Hao hawakukimbia kwa mapafu peke yake. Kasi ilikuwepo. Kilichokatika ni uzi wa Mombasa.

Ulikatika wapi? Nimefikiri sana, na ninaamini jibu liko pale pale kwenye klabu niliyosema. Wakati Antao anakua, shule za Kenya zilitengwa kwa rangi na asili: za Wazungu, za Wahindi, za Waarabu, za Waafrika, na Wagoa nao na zao. Klabu zilifuata mstari ule ule. Kwa hiyo ule utamaduni mzuri nilioueleza, wa uwanja uliopimwa na mtu mzima mwenye saa, mtoto wa Kidigo wa Likoni au wa Kigiriama wa Kisauni hakuukaribia. Mlango uliotoa bingwa wetu wa kwanza ulikuwa mwembamba sana, na wengi waliupita kwa nje.

Uhuru ulipokuja, watu wenye asili ya Bara Hindi ambao hawakuwa raia moja kwa moja walipewa miaka miwili kuamua. Mwaka 1967 zikaja sheria mpya za uhamiaji na leseni za biashara, na mwaka 1968 Uingereza nayo ikafunga mlango wake kwa haraka huku maelfu wakikimbilia ndege. Wagoa wengi waliondoka kuelekea Uingereza, Kanada na kwingineko. Antao mwenyewe alihamia Uingereza, na alifia London tarehe 6 Septemba 2011, akiwa na miaka 73.

Mlango ule mwembamba ungeweza kupanuliwa. Wale waliokuwa wanajua kupima uwanja na kushika saa wangeweza kuwafunza waliokuwa hawajui kabla hawajaondoka, kama wangetakiwa, na kama wao nao wangeona wanatakiwa. Hayo hayakutokea. Waliondoka na ujuzi wao mifukoni, na sisi tuliobaki hatukuwahi kuingia kule ndani tukajua kilichokuwa kikifanyika. Uwanja ukibaki bila yule mtu wa kando, ni kiwanja tu.

Lawama hii siielekezi kwa Wagoa. Watu wanaoambiwa hawana hakika ya kesho hufunga mizigo. Wala siielekezi kwa vijana wa Mombasa, ambao naona wanavyotimka ufukweni maji yakipwa, miguu mitupu, mchanga ukiwa mgumu kama saruji, bila mtu wa kuwaambia wamekimbia umbali gani.

Tarehe 3 Agosti 2022, Birmingham, Omanyala alishinda mita 100 za Jumuiya ya Madola kwa sekunde 10.02. Ilikuwa imepita miaka 60 tangu Antao. Nilikuwa nimeketi kwenye baraza ya kahawa Mwembe Tayari, televisheni iko juu ya friji ya soda, na watu walirukaruka kama bao la Harambee Stars. Mzee mmoja aliyekuwa ananawa vikombe hakuruka. Alisema taratibu, kwa mtu yeyote aliyetaka kusikia, "Ya Antao ilikuwa mbili." Nikamgeukia, nikamwita mzee wangu, nikamwomba anisimulie. Alikumbuka kidogo tu: kwamba alikuwa mtoto, kwamba redio ilisema, kwamba mitaani watoto waligombania nani awe Antao kila waliposhindana kukimbia mpaka nguzo ya taa.

Hilo la nguzo ya taa ndilo lililonipa la kufanya. Ijumaa baada ya swali la yule kijana, nilifika kiwanjani mapema na kamba yangu na utepe wa fundi. Tuliinyoosha pamoja, watoto wanne wakaikaza, tukapima mita 91 na sentimita 44 kutoka mwanzo. Pale tukafunga kitambaa chekundu kilichochanwa kwenye jezi kuukuu. Nikawaambia hapa ndipo Antao alipokata utepe.

Wakakimbia wawili wawili. Yule kijana aliyeuliza alikuwa wa mwisho, peke yake, kwa sababu idadi ilikuwa haigawanyiki. Alichimba vishimo viwili vya vidole kwa kijiti, kama walivyokuwa wakianza wakimbiaji wa zamani kabla ya vyuma vya kukanyagia, na hakuna aliyemfundisha hilo; mguu ulitafuta mahali pa kushika. Alibaki ameinama hatua nane, nilizihesabu. Kwenye kitambaa chekundu saa yangu ilionyesha 12.1.

Alirudi akitembea, mikono kiunoni, akatazama saa, akatazama kamba chini.

"Mwalimu, umepima sawa?"

Nikampa utepe, akaenda kupima mwenyewe. Ilimchukua muda. Jua lilikuwa linashuka upande wa Kilindini, na wenzake walikwishaanza kuvaa malapa. Aliporudi alisema ni sawasawa, kisha akaomba akimbie tena kabla ya maghribi.